Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti: Kazi Yetu Juu ya Miklós Rózsa

Ndugu wanachama,

Hesabu za fedha atazisoma mhazini. Taarifa yangu inahusu muziki wa Miklós Rózsa, mtunzi wa muziki wa filamu, uliochukua sehemu kubwa ya mwaka wetu.

Rózsa alizaliwa Budapest mwaka 1907, akasomea Leipzig, akaishi Paris na London, kisha vita vikamfikisha Hollywood mwaka 1940 kumalizia The Thief of Bagdad. Alitunukiwa Oscar tatu, kwa Spellbound, A Double Life na Ben-Hur. Hata hivyo, anayetaka kumwelewa aanzie Nagylócz, kijiji cha kaskazini mwa Hungaria alikosikia nyimbo za Wapalóc, jamii ya Wahungaria wa eneo hilo, tangu utotoni. Skeli zao za sauti tano zinapenya hata anapoandikia Roma ya kale.

Wanaonukuu kwa sikio, yaani wanaoandika nota kwa kusikiliza filamu, wazingatie jambo moja linaloharibu kazi nyingi. Filamu hupigwa kwa fremu (picha) 24 kwa sekunde, lakini diski za PAL, mfumo wa video uliotumika huku kwetu, huziendesha kwa 25. Kipande cha dakika 10 kinakwisha kwa dakika 9 na sekunde 36, na sauti isiporekebishwa hupanda karibu nusu toni. Ukinukuu hapo, ufunguo na kasi vyote si vya Rózsa. Pimeni kwanza. Kasi ya mapigo nayo hupatikana kwa kugawa 1440, yaani fremu za dakika moja, kwa idadi ya fremu za kila pigo: fremu 12 ni mapigo 120 kwa dakika, fremu 16 ni 90. Njia hii haifai kwa wapiga makasia wa Ben-Hur, kwa sababu nyundo ya msimamizi huongeza kasi hatua kwa hatua. Kila hatua ipimwe peke yake. Mbio za magari ya farasi msizitafutie nota. Rózsa aliziacha bila muziki, na kwangu huo ni uamuzi wa bwana wa kazi.

Theremini ya Spellbound, ala ya kielektroniki iliyopigwa na Samuel Hoffman, haiguswi: mkono mmoja huongoza sauti kupanda na kushuka, mwingine ukubwa wake. Mtu akisogea karibu, sauti inayumba. Irekebishwe wapigaji wote wakiwa wameshakaa, na asiwepo anayepita nyuma ya mpigaji.

Ugumu mkubwa ni nota zenyewe. Studio ya filamu ya MGM iliitupilia mbali maktaba yake ya nota za orkestra, zikabaki hasa nakala fupi za kondakta. Ndani yake kinanda kimebeba sauti zote, hivyo kugawa upya pembe na fidla kunahitaji kulinganisha na rekodi. Karatasi za Rózsa mwenyewe zimehifadhiwa Chuo Kikuu cha Syracuse, Marekani.

Naomba mkutano uidhinishe mambo mawili: nakala zote zilizotokana na PAL zipimwe upya kabla ya kugawiwa waimbaji na wapigaji, na maombi ya nakala yapelekwe Syracuse.