Mji wa ndoto umemsahau mwenye hamu isiyo na jina

Mhariri,

Nimesoma kwa makini makala ya kubuni mliyoichapisha Jumapili iliyopita, ambamo mwandishi wenu ametuchorea mji unaoongozwa na ndoto: kila asubuhi watu hukutana barazani, kila mmoja akasimulia alichoota, wazee wakafasiri, na shughuli za siku nzima zikapangwa kwa kufuata tafsiri hiyo. Sina ugomvi na ubunifu wake, na sehemu ya watoto kuuziana ndoto kwa njugu ilinichekesha sana. Ninachomlaumu ni kwamba katika mji mzima hakuna hata mtu mmoja anayeamka na hamu asiyoweza kusema ni ya nini. Aliyeota nyoka ana adui, aliyeota maji ana safari, na anayetaka kitu anakijua kabla jua halijachomoza.

Mimi ningekuwa mgeni katika mji huo. Kwa miaka mingi sasa, si kila siku lakini mara kwa mara, huamka kabla ya adhana ya alfajiri, wakati mtaa wetu wa Shauri Moyo ungali kimya na ni matatu moja tu inayonguruma mahali fulani barabarani, nikahisi kitu kama njaa kifuani. Si njaa, kwa maana nikila hakiondoki. Si huzuni pia, kwa sababu sina ninachokililia. Ndoto yenyewe huwa imeshapotea; iliyobaki ni ile hamu peke yake, kama harufu ya udi katika chumba ambacho wageni wamekwisha kuondoka. Nikiendelea kuitafakari, chai huchemka ikamwagikia jiko, nikainuka kutafuta kitambaa.

Ugumu wa kwanza ni wa lugha yetu, nami nimeifundisha kwa miaka thelathini na moja. Kiswahili hakipendi hamu iachwe hivi hivi. Sema “nina hamu”, na kabla hujafunga kinywa utaulizwa, “Ya nini?” Hamu ni ya biriani, shauku ni ya kuonana, uchu ni wa mali, kiu ni ya maji au ya elimu, kila neno lina kile kiungo kidogo kinachokaa mlangoni kudai jina la kinachotakwa. Wajerumani wana neno Sehnsucht, ambalo laweza kusimama bila kutaja kinachotamaniwa. Siwaonei wivu kwa mengi, ila kwa hilo nawaonea.

Marehemu nyanya yangu alikuwa na hamu yenye anwani. Alilelewa katika kijiji cha Pangani, hapa hapa Nairobi, ambacho serikali ya kikoloni ilikibomoa mwishoni mwa miaka ya 1930 na wakazi wake wakahamishiwa huku. Akiota, aliota mlango wa nyumba yao, na asubuhi alituambia, “Leo nimetoka kwetu.” Kwetu kwenyewe ni mwendo mfupi kwa matatu, ingawa hakuna jiwe la nyumba ile lililobaki. Wazee wa baraza la mwandishi wenu wangemhudumia nyanya bila taabu. Mimi wangeniuliza nimeota nini, nami ningenyamaza, na nadhani wangeniandika kuwa mgonjwa.

Mwandishi amedokeza kwamba jamii za namna hiyo zimewahi kuwepo. Hapo inafaa tuwe waangalifu. Mwaka 1951 Mmarekani Kilton Stewart aliwaeleza Wasenoi, wenyeji wa asili wa nchi ya Malaya (leo Malaysia), kuwa watu wanaojadili ndoto za familia kila asubuhi na kuzitumia kuishi kwa amani. Watafiti waliofika huko baadaye hawakuukuta utaratibu huo kama alivyousimulia. Kwa hiyo hata mji ule, kwa sehemu kubwa, ulikuwa wa kubuni.

Waliokaribia zaidi shida yangu ni Wahuron, wenyeji wa asili wa Kanada, ambao mapadri Wajesuiti kutoka Ufaransa waliishi nao katika karne ya 17 na kuandika habari zao. Wahuron waliamini kwamba, mbali na matakwa anayoyajua mtu, roho ina matakwa mengine iliyoyaficha hata mwenyewe asiyajue, na kwamba ndoto ndiyo huyafichua. Roho isipotimiziwa, hukasirika na mwili ukaugua. Walikuwa na sikukuu ambayo watu walipita nyumba kwa nyumba wakiwategea wenzao mafumbo, ili wakisie roho zao zinataka nini. Fumbo mojawapo lililoandikwa ni la kitu chenye ziwa ndani yake. Jibu lilikuwa kibuyu.

Nilipolisoma hilo nilicheka peke yangu, kwa kuwa ni kitendawili kabisa, na mswahili yeyote angejibu “Tega!” bila kufikiri. Hata hivyo aliyetega pale alijua jibu, kwani alikuwa ameliota. Vipi kuhusu mtega kitendawili ambaye naye hajui jibu? Huyo ndiye ninayemwombea nafasi barazani. Asifasiriwe, asitibiwe, asikilizwe tu kisha zamu ipite kwa mwingine.

Nasema hivyo kwa kuwa hapa Nairobi, mtu hawezi kuwa na hamu ya namna hii kwa dakika tano bila kuuziwa jina lake. Bango la barabarani litamwambia anataka kiwanja, tangazo la kamari litamwambia anataka bahati, na mhubiri wa redioni atamwambia anataka mume. Mimi niliwahi kupelekwa na jirani kwa mfasiri wa ndoto, akaniambia kwa uhakika kwamba kuna mtu kijijini kwetu ananifunga. Nimezaliwa na kukulia jijini hapa, kijiji sina. Shilingi mia tano zangu hazikurudi.

Juma lililopita mjukuu wangu wa miaka minane alinikuta nimekaa kitandani gizani, akaniuliza, “Nyanya, unataka nini?” Kwa kukosa jibu nikamwambia, “Kitendawili.” Akasema, “Tega.” Nikakaa kimya, naye akasubiri huku akisugua miguu yake kwa baridi ya sakafu, kisha akachoka.

“Nimeshindwa, nyanya. Nikupe mji gani?”

“Wowote.”

“Chukua Kisumu,” akasema, akapanda kitandani upande wa ukutani, akalala.

Msomaji wenu,
Mwalimu mstaafu,
Shauri Moyo, Nairobi.