Ua lako, shoga

Wete, Pemba

Shoga yangu Asya,

Assalaam alaykum. Huku hatujambo, watoto wazima, masika yametukalia, nguo hazikauki. Mize kajifungua, hayo atakusimulia mwenyewe.

Mwenzangu, juzi uliponiuliza kwenye simu hali ya ua lako la okidi, nikakujibu linanawiri. Nilikudanganya. Nakuandikia kwa sababu kwa mdomo nitajikanyaga.

Siku uliyoondoka nilikitazama kile chungu chako, makumbi na vipande vya mkaa vitupu, udongo hata chembe hamna. Nikasema, maskini Asya, ua zuri kalitupia jaani. Nikalihamishia kwenye ndoo, nikalitilia udongo mweusi wa bondeni na samadi ya ng'ombe, nikawa nalimwagilia asubuhi na jioni kama mchicha. Wiki ya kwanza likanichekea. Ya tatu, jani la chini likageuka njano, likalegea. Kulichimbua, mizizi myeusi! Ukiubana mmoja, ganda linavuka mkononi, unabaki uzi mtupu. Na harufu yake, usiniulize.

Uliniambia, ni kweli, kwamba kwao Indonesia linaota juu ya miti na mizizi yake inataka hewa. Mimi naitikia "ehee", macho yangu yako kwenye sufuria. Eti anggrek bulan, okidi ya mwezi, na tangu 1993 ni mojawapo ya maua yao matatu ya taifa. Yaani nimeozesha ua la taifa la watu!

Basi nikapitisha kisu motoni, nikakata yote iliyooza, vidonda nikavipaka mdalasini wa unga. Imesalia mizizi minne. Nilitaka kulifunga kwenye mkarafuu wa uani, baba mkwe akaja juu: "Kirukia hicho, kitaninyonyea mti!" Nikamwambia halinyonyi, linashikilia gome tu, linakunywa mvua. Wapi! Kwa karafuu zake unamjua. Sasa liko kwenye mwembe, upande wa kivuli, nimelifunga kwa kamba ya makumbi, nimeliinamisha maji yasituame moyoni mwa majani.

Likikauka, mizizi inang'aa kama dagaa. Mvua ikipiga, muda si muda inakuwa kijani. Nakwenda kuitazama mara tano kwa siku, wali umeniungulia mara mbili. Leo asubuhi, ubavuni mwa shina, nimeona kichomozo cha kijani, kama punje ya mchele. Sikukigusa.

Ni mzizi huo, au kikonyo cha maua? Lile jani la njano nilikate au ningoje lianguke lenyewe? Mvua hii haitalizidi? Unakuja Idi, au mpaka vuli? Umekasirika?

Na chungu chako nilimpa Time, kapandia mrihani, umeshika vizuri. Nikamnyang'anye?

Wako,
Salma