Anayemtuhumu mteja kuiba umeme asiwe ndiye anayemhukumu

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nizungumzie namna tuhuma za wizi wa umeme zinavyoamuliwa nchini kwetu Uganda. Tangu mkataba wa miaka 20 wa kampuni binafsi ya usambazaji iitwayo Umeme ulipomalizika tarehe 31 Machi 2025, na usambazaji kurudi mikononi mwa UEDCL, kampuni ya serikali, watu wamelalamikia sana kukatikakatika kwa umeme na bei yake, lakini haki ya mteja aliyekwisha kuitwa mwizi haizungumzwi.

Sitetei wizi hata kidogo. Katika mitaa ambako nyaya zimetandazwa ardhini na kufukiwa udongo kidogo tu, mtoto anaweza kupoteza maisha kwa kukanyaga mahali penye maji baada ya mvua, na transfoma inayobeba mzigo wa watu wasiojulikana huungua, ikawaacha gizani hata wale wanaolipa kwa uaminifu. Upotevu wa umeme, ambao mwaka 2005 ulikuwa karibu asilimia 38, umeshushwa hadi kufikia asilimia 17 hivi, na kazi hiyo inastahili pongezi. Ikumbukwe tu kwamba si upotevu wote ni wizi: sehemu yake ni joto la nyaya ndefu na mitambo iliyochakaa, na hakuna mteja anayepaswa kubebeshwa sehemu hiyo kwa jina la faini.

Kinachoniudhi ni yale yanayotokea baada ya wakaguzi kubisha mlango. Mpangaji wa chumba kimoja katika mizigo, yaani nyumba za vyumba vya kupanga vilivyopangana, anaweza kuwa ananunua Yaka, yaani umeme wa kulipia kabla, kila anapopata fedha, huku mita ikiwa imeandikishwa kwa jina la mwenye nyumba, na waya unaoikwepa mita hiyo ukiwa uliunganishwa na kamyufu, fundi wa umeme asiye na leseni, aliyeitwa na mwenye nyumba au na mpangaji aliyekwisha kuhama. Wakaguzi wanakata umeme, wanaing'oa mita na kuondoka nayo. Kisha ofisini yanaandaliwa makadirio ya umeme unaodhaniwa kuibwa kwa miezi iliyopita, faini inaongezwa juu yake, na aliyemo ndani ya chumba anaambiwa kwamba hatarudishiwa umeme mpaka alipe. Akilipa, amehesabiwa kuwa amekiri. Asipolipa, cherehani inasimama, jokofu la maziwa linazima, na anayeumia kwanza ni yule ambaye huenda hakuwahi kuugusa waya huo.

Aliyetoa tuhuma ndiye aliyeichukua mita, ndiye aliyeipima, ndiye aliyepiga hesabu ya deni, na ndiye anayeamua lini taa zitawaka tena. Katiba yetu ya mwaka 1995, katika Ibara ya 28, inasema mtuhumiwa ahesabiwe kuwa hana hatia mpaka ithibitishwe vinginevyo, na Ibara ya 42 inampa kila mtu haki ya kutendewa kwa uadilifu anapofikishwa mbele ya mamlaka ya kiutawala, pamoja na haki ya kwenda mahakamani kuupinga uamuzi uliomhusu. Sheria ya Umeme ya mwaka 1999 nayo iliunda Baraza la Migogoro ya Umeme, ambalo rufaa zake huenda Mahakama Kuu. Mlango huo upo kisheria, ila ni wateja wachache mno wanaoujua, na ilani ya kukatiwa umeme haina budi kuueleza kwa lugha ambayo mteja anaielewa.

Baraza hilo haliwezi kusikiliza kesi ya jinai. Mtu aliyeshitakiwa kwa wizi atajitetea mbele ya hakimu, pengine katika mahakama maalumu ya viwango na huduma iliyoko Kampala, na wakati huohuo deni lake na kukatwa kwa umeme wake vitahitaji shauri jingine mahali pengine. Marekebisho ya sheria ya mwaka 2022 yaliziongeza sana adhabu za wizi na uharibifu wa mitambo. Kadiri adhabu inavyozidi kuwa kali, ndivyo ushahidi unavyopaswa kulindwa kwa makini zaidi, na mita iliyobebwa bila mteja kuweka sahihi popote ni ushahidi dhaifu kwa pande zote mbili, kwani hata mwizi halisi anaweza kuponea hapo.

Serikali na kampuni ya Umeme iliyoondoka zilipotofautiana juu ya fidia, baada ya serikali kulipa dola milioni 118 na kampuni kudai zaidi, suala lilipelekwa kwenye usuluhishi London. Hakuna upande ulioachiwa kuwa hakimu wa deni lake wenyewe. Mshonaji wa Walukuba anastahili kanuni hiyohiyo.

Naiomba Mamlaka ya Udhibiti wa Umeme iweke utaratibu ulio wazi. Waya wa hatari ukatwe papo hapo, kwa hilo sina ubishi. Lakini mita ifungwe kwa lakiri mbele ya mteja na mwenyekiti wa LC1, yaani baraza la mtaa, wote waweke sahihi, kisha ikapimwe na Shirika la Viwango la Taifa badala ya karakana ya msambazaji. Mteja apewe hesabu ya makadirio kwa maandishi, ikionyesha miezi iliyohesabiwa na vifaa vilivyozingatiwa, na itenganishe wajibu wa mwenye nyumba na wa mpangaji. Na pale mteja anapokuwa amepeleka shauri mbele ya Baraza, arudishiwe umeme kwa mita mpya mara hatari inapoondolewa, deni linalobishaniwa likisubiri uamuzi.

Wako mtiifu,
Mkazi wa Walukuba, Jinja