Babu, upepo wa huku unakaa mfukoni

Babu shikamoo. Mama na wewe shikamoo. Kombo msomee babu pole pole usirukeruke mistari, najua ushaanza kutafuta sehemu ya hela, hela nimetuma iko kwa Mama.

Mimi mzima, kazi inaenda, baridi haijaanza bado ila mvua zinatuandama kweli. Sasa babu kila nikipiga simu swali lako la kwanza ni huko upepo unatoka wapi, na mimi nakujibu sijui babu nakaa ghorofani. Haya leo jibu ninalo. Unatoka mfukoni.

Usicheke kwanza. Hapa Tokyo kuna mtaa unaitwa Asakusa, una hekalu kubwa la Kibuddha linaitwa Sensoji (Mama tulia, nilienda kutembea tu na wenzangu wa kazini, sijasujudia kitu), na kwenye lango la mbele wameweka masanamu mawili ya kutisha ya miungu yao. Kushoto Raijin, huyo wa radi, ana ngoma zake akizipiga ndo tunasikia ngurumo. Kulia ndo mtu wako sasa, Fujin, mwenye upepo. Sura ya jini kabisa, na mfuko wake kaubeba mabegani, upepo wote umo humo ndani, akilegeza kidogo mnapata wa kusafiria, akiachia wote ndo kimbunga hicho.

Kuna mchoro wake mmoja maarufu sana, wa Kyoto, wa mchoraji Tawaraya Sotatsu wa karne ya 17, nimeuangalia kwenye simu mpaka macho yameuma. Fujin kachorwa wa kijani, anakimbia juu ya wingu jeusi, huku na huku dhahabu tupu, na ule mfuko mweupe umetuna juu ya kichwa chake kama tanga lililoshika upepo wa nyuma, ncha moja mkono huu ncha nyingine mkono ule. Na anacheka babu! Hicho ndo kilichonimaliza, mtu ana uwezo wa kuzamisha majahazi yote ya Pangani na anacheka kama mtoto aliyepewa firimbi.

Halafu wataalamu wengi wa sanaa wanasema huyu sio mzaliwa wa huku, eti umbo lake lilitoka kwa Wagiriki, likapita Asia ya kati na wafanyabiashara, likaingia China, ndo likafika Japani. Na kweli Wagiriki nao wana hadithi ya mfuko. Nahodha wao Odysseus alipewa na Aeolus, mtunza pepo, mfuko wa ngozi ya ng'ombe pepo mbaya zote zimefungiwa ndani kwa kamba ya fedha, kaachiwa nje upepo mmoja tu wa magharibi wa kumfikisha kwao. Akashika usukani mwenyewe siku tisa hajalala, ya kumi wanaiona nchi yao kabisa mpaka moto wa watu wa pwani, usingizi ukambeba. Mabaharia wakaanza maneno, huyu kaficha dhahabu humu hataki kutugawia, wakafungua! Pepo zikatoka zote kwa pamoja zikawarudisha mpaka walikotoka, na Aeolus akawatimua, mfuko wa pili hakuna. Nikasema hii lazima babu aisikie, maana wewe ulikuwa unasema jahazi haliuliwi na bahari linauliwa na mabaharia wenye tamaa.

Ila nimewaza kitu. Sisi hatukuhitaji mfuko kwa sababu upepo wetu una ratiba yake, kaskazi ikija unajua imekuja, kusi ikianza unajua mpaka mwezi gani, hata ukienda kwa kubisha, kwenda mbele kwa kupingana na upepo, unajua unabisha nini. Huku kimbunga kinatoka baharini kinakuvamia, mwaka mmoja vinakuja vingi mpaka wanavipa namba tu, namba moja, namba mbili, sio kama sisi Hidaya ya 2024 ilipopiga Mafia jina tunalikumbuka mpaka leo. Mtu anayevamiwa hivyo lazima atafute sura ya kuilaumu. Na kuishukuru pia, maana 1274 na tena 1281 majeshi ya Kublai Khan, mfalme wa Wamongolia, yalikuja kwa merikebu kuiteka nchi hii, dhoruba ikawapiga, ile ya 1281 ndo iliwamaliza, watu wakasema huo ni upepo uliotumwa, na mahekalu ya upepo kule Ise, mji wao mtakatifu, yakapandishwa cheo 1293. Upepo unapandishwa cheo babu, wewe miaka yote hiyo baharini hata kiinua mgongo hukupata.

Sasa kali kuliko zote. Katikati ya lango lile lile la Sensoji inaning'inia taa kubwa nyekundu ya karatasi, urefu karibu mita nne, uzito kilo 700 hivi. Kimbunga kikitangazwa wanakuja kuikunja juu isichanike. Mwenye mfuko yupo hapo hapo pembeni kasimama! Nikamuuliza mwenzangu si mumwombe tu asifungue, akaniambia taa ni ya karatasi, bora kuikunja.

Na lango lenyewe liliungua 1865, likakaa miaka karibu mia halipo, likajengwa tena 1960 kwa hela ya mzee Matsushita Konosuke. Humjui lakini unamjua. Ndo mwenye kampuni iliyotengeneza ile redio yako ya National, ile ile unayosikilizia utabiri wa hali ya hewa halafu unabishana nayo.

Kombo nipigie picha hiyo redio unitumie, nimewaahidi wenzangu na hawaniamini. Na Babu nijibu hili kwa sauti usimwachie Kombo aandike: zamani mkikwama katikati ya mkondo wa Pemba shwari, hakuna hata kipepeo kinachotikisika, mlikuwa mnafanya nini kuuita upepo? Mama asiwepo karibu wakati unajibu.

Mjukuu wako,
Mwajuma