Mume wangu huswali kwa kujifungia, nami nimechoka

Shangazi, shikamoo. Mimi ni Mmombasa, nimeolewa Hispania, mji wa Alcoy katika jimbo la Alicante. Mume wangu ni mzaliwa wa hapa. Alisilimu kwa hiari yake kabla ya nikahi, mbele ya shekhe na kaka zangu, na swala haimpiti. Ila huu mwaka wa saba, babake hajui.

Tukienda kwa mzee, mume wangu huingia bafuni, akafunga mlango kwa ufunguo na kufungulia maji, ionekane anaoga. Hapo anatia udhu, anapenya chumba cha pili kuswali. Jumapili mezani huwekewa paja la nguruwe lililokaushwa kwa chumvi. Mara nyingi huzungusha vipande kwenye sahani, lakini mara mbili nimemwona akimeza. Nilipomkabili usiku, alinitolea fatwa!

Si mzaha. Amesoma sana habari za Wamorisko, Waislamu wa nchi hii waliobatizwa kwa nguvu, Granada kuanzia 1499 na huku kwetu Valencia, eneo lenye jimbo letu la Alicante, miaka ya 1520. Mwaka 1504 mwanachuoni anayejulikana kama mufti wa Oran, mji wa Algeria, aliwaandikia kwamba wakishurutishwa kula nguruwe wale, mradi moyoni wamkatae. Wakizuiwa kuswali mchana waswali usiku. Wakilazimishwa kusujudia sanamu, nia yao iwe ni swala. Fatwa hiyo ilinakiliwa hata kwa Kihispania cha herufi za Kiarabu, kama barua za Kiswahili za marehemu bibi yangu. “Basi na mimi ni Morisko,” akaniambia.

Nikaanza kusoma mwenyewe. Shangazi, watu wale waliteseka. Mwaka 1567 ilitangazwa Granada amri ya Mfalme Felipe wa Pili: marufuku Kiarabu, majina yao, mavazi yao, hamamu, hata hina. Milango ya nyumba iachwe wazi siku za Ijumaa, wachunguliwe. Mzee mmoja Morisko, Francisco Núñez Muley, aliandika waraka kutetea kuwa nguo na hina ni mila ya mahali, si dini, kwani wako Wakristo wa mashariki wanaosema Kiarabu na hawajaacha kuwa Wakristo. Hakusikilizwa. Mwaka uliofuata watu wakaasi milimani, na kuanzia 1609 hadi 1614 roho kama laki tatu zikafukuzwa nchini. Wengi walipakiwa merikebuni hapa jirani, Denia na Alicante. Aliyejificha wakati ule, nani atamlaumu?

Lakini mume wangu nani anamchungulia? Mlango kaufunga mwenyewe. Anachoogopa ni uso wa mzee wa miaka 71, ambaye hunikaangia samaki peke yangu bila kuombwa. Idi iliyopita binti yetu alipakwa hina, babu akambusu viganja vyote viwili. Mume wangu anasema mzee alizibuliwa mishipa ya moyo mwaka juzi, habari hii itamuua. Labda. Sijui kama ni huruma au ni woga.

Sasa inakuja Aprili, sikukuu ya Mtakatifu Jorge. Hapa mji mzima hugawanyika vikundi 28, nusu Wamoro, yaani Waislamu wa zamani, nusu Wakristo. Siku ya vita Wamoro huteka ngome asubuhi, na jioni Wakristo huikomboa kwa moshi wa baruti. Kila mwaka hivyo hivyo, mshindi anajulikana tangu jana. Ni mchezo, na huwa na Wakatoliki wazuri tu waliovaa vilemba, sina neno nao. Ila mzee yuko kikundi cha Wakristo tangu ujana wake, na safari hii anataka mwanawe na mjukuu waandamane naye, kisha wote waende misa. Mume wangu amekubali. Nguo zimeshashonwa.

Mamangu simuni ananiambia siri ya mume haitoki kinywani mwa mke. Dadangu anasema nichukue mtoto nirudi nyumbani, jambo ambalo sitaki, mume nampenda.

Kilichonifanya nikuandikie ni binti yetu wa miaka mitano. Juzi nilimkuta anacheza kuswali. Kabla hajatandika msala alifunga mlango, akafungulia bomba.

Je, nimwambie mzee mwenyewe, au ningoje mpaka lini?

Mama Binti, Alcoy