Bakari, anza na bahari

Mkomani, Lamu
Ijumaa usiku

Sahibu yangu Bakari,

Assalaam aleikum. Mama yako nimempitia leo baada ya sala ya Ijumaa. Yu mzima, kanikalisha kwa mahamri na mbaazi, na kanituma nikwambie kuwa simu za dakika mbili hazimtoshi. Ujumbe nimefikisha. Sasa tuje kwetu.

Ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza mara mbili. Unasema Fall from Heaven, ile modi ya wachezaji inayoigeuza gemu ya Civilization IV kuwa dunia ya uchawi, umeicheza siku mbili tu: ya kwanza skauti wako akaliwa na simba, ya pili likaja jitu lenye shoka mkononi, likakuchukulia mji mkuu, na kwamba sasa unarudi kwenye Civilization IV ya kawaida. Bakari, usirudi. Ningeweza kukujibu kwa simu, lakini haya ni mengi, na flashi anayokuletea mjomba kwa basi la kesho haiwezi kwenda bila karatasi.

Nianze na jambo dogo tulimalize. Ile siku ya kwanza kabisa modi ilipokataa kufunguka, uliiweka pale nilipoiweka mimi mara ya kwanza, kwenye folda ya Mods iliyo ndani ya Documents. Nilipoteza usiku mzima hapo. Folda ya Fall from Heaven 2 ikae kwenye Mods ya Beyond the Sword yenyewe, ile nyongeza rasmi ya Civilization IV, pale gemu ilipowekwa, na Beyond the Sword iwe imeshapandishwa hadi toleo la 3.19. Kwenye flashi nimekuwekea vyote viwili. Modi ni ya bure, iliyo ya kununua ni gemu, na hiyo unayo. Basi, habari za mafundi zimeisha.

Wewe ni mchezaji mzuri kuliko mimi, na ndiko kulikokuponza. Umeingia Erebus, maana ndilo jina la dunia hiyo, na mazoea ya kule kwingine. Kule skauti anazunguka ramani nzima, anaokota dhahabu, na zamu ya thelathini una miji miwili mitatu. Huku, nje ya mpaka wako ni porini kweli: simba, dubu, mbwamwitu, buibui wakubwa kuliko punda. Lakini wanyama hao hawavuki mpaka. Ardhi uliyokwisha kuipaka rangi yako hawaikanyagi. Kwa hiyo skauti wako mtembeze kutoka msitu hadi kilima, kutoka kilima hadi msitu, usimlaze jangwani. Baadaye utapata wawindaji wanaoweza kujifunza kumkamata mnyama akiwa hai, na simba yuleyule aliyekutesa akawa wako. Hiyo furaha sitaki ikupite.

Na jitu lako lina jina. Ni Orthus. Akizaliwa, gemu inakutangazia, na tangu hapo ujue yumo njiani. Nikwambie nilivyokutana naye mimi. Stima zilikuwa zimekatika mtaa mzima, laptopu imebaki na robo ya chaji, nami nina wapiganaji watatu ndani ya mji ulio juu ya kilima. Nilitamani kumtokea. Nikajizuia, nikawaacha watatu wote ndani, wamejikita. Akaja mwenyewe. Wa kwanza akamuua. Zamu iliyofuata akamuua na wa pili, lakini safari hii akabaki anachechemea, mstari wake wa uhai umekuwa mwekundu. Wa tatu, kijana asiye na jina, nikamtoa nje nikampiga Orthus palepale mlangoni. Akaanguka. Shoka lake likabaki kwa yule aliyemuua, na mpiganaji wangu wa kawaida akawa mtu wa kuogopwa hadi katikati ya mchezo. Nilipiga kelele nyumba ya pili wakasikia. Kwa hiyo wewe usimkimbie wala usimfuate. Mngoje kilimani.

Nataka ujue na ilikotoka, kwa sababu ukilijua hili utaacha kuiona kama gemu ya zamani iliyovishwa nguo mpya. Aliyeianzisha ni Mmarekani, Derek Paxton, wachezaji wanamwita Kael. Dunia hii ilianza mezani, yeye na marafiki zake wakicheza kwa karatasi na madadu, yeye akisimulia na wao wakijibu. Hadithi ilitangulia, kompyuta ikafuata. Ndiyo maana mataifa yake 21 hayafanani kama yanavyofanana yale ya gemu ya kawaida. Wakuriotate wanajenga miji michache mno, lakini mikubwa ajabu. Wakhazadi, wale wafupi wa milimani, furaha yao inapimwa kwa dhahabu iliyolala hazinani, ukiitumia ovyo wananuna. Wagrigori wamewakataa miungu wote. Wakalabimu wanatawaliwa na wanyonya damu wanaojilisha kwa raia wao wenyewe. Kila mmoja unamcheza kwa akili nyingine kabisa.

Watakwambia chukua Clan of Embers, kwa sababu washenzi wa porini wana amani nao mwanzoni na Orthus atawapita. Kweli, lakini mimi sikushauri. Utakuwa umejifunza kukwepa dunia yenyewe.

Wewe chukua Lanun.

Ni watu wa bahari, maharamia, na wewe umezaliwa mita mia kutoka majini. Tafuta mji mkuu uguse pwani, jifunze uvuvi kwanza, kisha mashua zako za kazi zianze kujenga yale maficho ya maharamia yanayoitwa Pirate Cove kandokando ya ufuo. Yafanyie kazi, yatakua. Wengine watakuwa wanapigania nyika iliyojaa simba, wewe unakula samaki.

Lakini sababu yangu kubwa ya kukuchagulia Lanun ni uchawi. Kasri lao linakuja na mana tatu, ya hewa, ya maji na ya vurugu. Mana ndiyo kuni za uchawi, huna mana huna kitu. Zipo aina nyingi, nyingine utazipata kwa kushika vyanzo vyake ardhini na kuvitengeneza. Fikia elimu ya Knowledge of the Ether, ujenge chama cha wachawi, umtoe mchawi wako wa kwanza, anaitwa Adept. Huyo usimpeleke vitani. Muweke mjini tu, kwa kuwa wachawi wanaongeza ujuzi wenyewe kadiri zamu zinavyopita, bila kupigana. Akifika daraja la nne anaweza kupanda kuwa Mage, na akifika la sita, ukiwa na elimu inayotakiwa, Archmage, na hao hutawahi kuwa nao zaidi ya wanne. Anayewachelewesha wachawi ili ajenge majeshi kwanza atajuta. Mimi nilijuta.

Sasa mpe huyo Adept maji. Atapata uchawi unaoitwa Spring. Nilikuwa na mji ulioshikwa na jangwa upande wa magharibi, viwanja vinne vya mchanga mtupu visivyolisha mtu. Nikamtembeza mchawi hadi kiwanja cha kwanza, nikabonyeza. Mchanga ukageuka nyika. Nikasogea cha pili, nikabonyeza. Bakari, nilisimama pale nikawaza vilima vya mchanga vya Shela, jinsi maji matamu ya mji wetu yanavyolala chini ya mchanga ule, na jinsi tulivyokuwa wadogo tukidhani mchanga hauna faida ila kuteleza. Sijui kwa nini gemu ya watu wa mbali ilinigusa hivyo. Lakini ilinigusa, na zamu kumi baadaye wakulima walikuwa wanalima pale.

Mwingine mpe hewa. Uchawi wake wa kwanza ni Fair Winds, unaongeza mwendo wa vyombo alivyo navyo pamoja. Mtie chomboni uende naye. Babu yangu alikuwa akikaa anangoja kaskazi iamke ndipo aondoke, na wewe utakuwa na mtu wa kuiamsha.

Kuhusu dini. Zipo saba, na anayefikia elimu fulani kwanza ndiye anayeianzisha. Ni miungu ya hadithi tu, kama majini wa bibi, usikae ukaona vibaya. Lanun wanapendana na ile ya kilindini, Octopus Overlords, inayoletwa na elimu ya Message from the Deep. Kwayo utapata wapiganaji waliozamishwa, wanaovuka bahari bila chombo. Ila dini inaweza kukubadilisha tabia. Humo kila kiongozi ni mwema, wa katikati au mwovu, na imani uliyoichukua inakuvuta upande wake, kisha majirani wanakupenda au kukuchukia kwa hilo. Usiichukue dini kwa sababu tu imekuja mlangoni.

Hapa nitakuomba jambo, maana nakujua unavyopenda kuchoma miji. Juu ya skrini kuna hesabu inayoanzia sifuri na kuishia 100, hesabu ya kiama. Miji unayoiteketeza inaisukuma juu, na dini ya Ashen Veil ikienea inaisukuma pia. Ikishapanda vya kutosha wanakuja wapanda farasi wa mwisho wa dunia, mmoja baada ya mwingine, na hawaulizi nani aliyechoma. Kwenye gemu ya kawaida ulikuwa unachoma halafu unaendelea na safari. Huku unalipa, na jirani yako asiye na kosa analipa nawe. Teka mji, uutunze.

Na mashujaa. Kila shujaa ni mmoja tu duniani kote, na anaongezeka nguvu kila zamu hata akikaa. Akifa, usitegemee kumwona tena. Ni kama Liyongo, hakuna aliyefinyanga wa pili baada ya ile sindano ya shaba. Kwa hiyo usimtume shujaa peke yake kwenye pango ati kwa kuwa ana nguvu. Mapango na makaburi ya kale utayaona mengi ramani nzima, na pana kitufe cha kuyapekua. Unaweza kutoka na dhahabu au elimu, unaweza kutoa humo kitu kitakachokufuata hadi nyumbani. Mimi nilipekua kaburi jirani na mji wangu zamu za mwanzo kabisa, na mji ukaondoka. Pekua ya mbali, na uwe umeacha walinzi nyuma.

Unapoanza, chagua ramani ndogo. Laptopu yako na yangu ni zile zile, na ramani kubwa mno inamaliza kumbukumbu mwishoni, gemu inaanguka na kazi yako yote. Usichukue Archipelago, utakaa peke yako kisiwani bila jirani wa kukufundisha. Fractal inatosha. Ugumu shusha hadi Warlord, tafadhali weka kiburi pembeni kwa mchezo mmoja. Baadaye kuna nyongeza inaitwa More Naval AI, inawatia akili wapinzani, hasa baharini. Nimeiweka kwenye folda yake. Usiifungue hadi umalize mchezo mmoja mzima.

Na kila usiku kabla hujafunga, bonyeza F12, soma hadithi ya shujaa mmoja au ya chanzo kimoja cha mana. Moja tu. Zimeandikwa vizuri, na ukizijua, jina linapotokea kwenye ramani utashtuka kama umemsikia mtu unayemfahamu. Ile hadithi ya kuchezwa ya Age of Ice iliyokuja na Beyond the Sword yenyewe mwaka 2007 ni ya Paxton huyuhuyu, inasimulia enzi za barafu kabla ya hizi. Iache kwa sasa, nzuri lakini nyembamba.

Unakumbuka tulivyoifungua Civilization IV mara ya kwanza, wewe ukaruka kitini kwa kuwa wimbo wa mwanzo unaimbwa kwa Kiswahili? Wimbo huo ulipopata tuzo ya Grammy mwaka 2011, wewe ulinipigia usiku wa manane. Toka siku zile sijapata mtu wa kuongea naye mambo haya kama wewe. Hapa barazani nikitaja Orthus wananiuliza ni wa mtaa gani. Ndiyo maana sitaki uache.

Mfungo Sita utakuja nyumbani kwa Maulidi, hilo najua. Njoo na chaja yako. Tutacheza kwenye mashine moja, zamu yako zamu yangu, wewe na Lanun wako na mimi na Wamalakimu wangu wa jangwani. Kabla ya hapo, ukifika zamu ya mia, hifadhi mchezo, weka faili kwenye flashi hii hii, umpe mjomba akirudi Jumatano. Nataka kuona mji mkuu umeuweka wapi.

Wako,
Omari