Mheshimiwa, naomba mitungi yangu

Kwa Mheshimiwa Mbunge wetu,

Salamu nyingi, na pole kwa kazi. Naandika hapa kwa sababu simu yako haishikwi, na kwa sababu ya yale ya Jumamosi pale uwanjani.

Ulisema vijana waliokuja mkutanoni na mitungi mitupu wameiga Madagaska, na kwamba kuna watu wa nje wanaowalipa. Mheshimiwa, mmoja wao ni kifungua mimba wangu. Asubuhi hiyo aliniomba shilingi hamsini, nikakosa. Hayo malipo sijui aliyaficha wapi.

Madagaska anaijua, sikatai. Septemba 2025 vijana wa Antananarivo waliingia barabarani kwa ajili ya maji na umeme uliokatikakatika, na Oktoba Rais Rajoelina akaikimbia nchi. Video alizitazama akiwa kwenye foleni ya maji! Mfereji wetu ulitoa maji mara ya mwisho kabla ya Krismasi. Sasa tunamngoja mwenye mkokoteni, mtungi shilingi hamsini.

Tena, nani anamwiga nani? Juni 25, 2024 watoto wetu hapa Kenya waliingia Bunge kwa sababu ya Mswada wa Fedha wa kuongeza kodi, na kesho yake Rais akakataa kuutia saini. Haukupita mwezi, Julai 23, vijana wa Kampala nao wakajaribu kuandamana hadi bunge lao. Hao labda niliwalipa mimi, kwa faida ya sukuma wiki.

Na 2011 umeisahau? Hujawa mheshimiwa bado, ulipanda juu ya pikapu sokoni ukatusimulia habari za Mohamed Bouazizi, muuza matunda wa Sidi Bouzid aliyejichoma moto, na jinsi Rais Ben Ali alivyotoroka Tunisia. Tulikupigia makofi hadi viganja vikauma. Siku hiyo ya nje yalikuwa matamu. Ukatuahidi kisima.

Kisima sikudai tena. Polisi walibeba mitungi yangu minne ya njano, miwili ina jina langu kwa rangi nyekundu. Kituoni naambiwa ni vielelezo. Vielelezo vya nini, vya kukosa maji? Mwanangu alirudi jicho limevimba, nikamkanda kwa maji ya kuazima kwa jirani. Hilo nalo nimelinyamazia.

Naomba mitungi yangu tu, Mheshimiwa. Mkokoteni hupita saa kumi na moja alfajiri, na sina cha kutilia maji.

Ni mimi mpiga kura wako,
Mama wa sukuma wiki, karibu na stendi